Mdogo wangu yuko mahabusu Brazil, tunadaiwa laki nane ya "kitanda". Nitume au nisitume?

Dada_wa_Kibosho

Habari za jioni wana jukwaa. Naomba mnisome mpaka mwisho. Naandika nikiwa kibandani kwangu Memorial, Moshi, na nguo sijapanga tangu asubuhi.

Mdogo wangu, kitinda mimba wetu, alikamatwa mwezi wa pili uwanja wa ndege wa Guarulhos, São Paulo, akiwa na kete tumboni. Simtetei. Nyumbani alituaga kwamba anakwenda Addis kufuata nguo za biashara. Mama alikuja kujua ukweli baada ya wiki tatu, na tangu siku hiyo ugali unamshinda.

Ameshatupigia mara nne kwa simu ya kuazima. Anasema selo yao ina vitanda 12 na wao wamepita 40. Anasema askari hawaingii ndani. Wanahesabu, wanafunga, wanaondoka. Wanaogawa chakula ni wafungwa, wanaopanga nani alale wapi ni wafungwa, ukigombana na mtu wanaoamua ni wafungwa. Wakubwa wa humo ni kundi linaitwa PCC.

Juma lililopita akapiga mwanaume mwingine. Kiswahili chake kimenyooka kabisa. Akasema yeye ndiye anayewasimamia Waafrika humo ndani, kwamba mdogo wangu analala sakafuni pembeni ya choo, na uongozi wa wafungwa unataka shilingi laki nane ili apewe kitanda. Tukichelewa kupita tarehe 30, "mimi sitakuwa na la kusaidia." Namba ya kutuma ni ya hapa hapa Tanzania.

Mama anataka kuuza ng'ombe. Ni mmoja tu, ndiye anayetoa maziwa ya pale nyumbani na ya jirani. Mteja keshakuja kumwangalia.

Nauliza kwa mtu anayejua, si kwa kubahatisha: ni kweli gereza linaweza kuendeshwa na wafungwa? Kitanda kinalipiwa? Na nikituma, watamwacha?

mtoto_wa_Pasua

Pole sana dada. Hata mahabusu za kwetu huwa kuna nyapara, na mwenye chochote hulala pazuri kuliko asiye nacho. Mimi ningetuma. Ng'ombe atanunuliwa mwingine, mdogo wako hanunuliki.

fundi_Kijenge

Dada, usitume. Nalitanguliza hilo kabla ya mengine yote kwa sababu ng'ombe akishatoka zizini harudi.

Nimekaa huko miaka mitano kasoro miezi miwili, 2011 mpaka 2016. Kosa lile lile, uwanja ule ule. Sasa niko Arusha, nashona viti vya magari hapa Kijenge, na huwa siandiki habari hizi. Naandika leo kwa sababu ya huyo ng'ombe.

Katika maelezo yako laki nane haikunishtua. Kilichonishtua ni Kiswahili. Wanaoongoza bloku kule ni Wabrazili. Shilingi yetu hawaijui, na hawana namba ya simu Tanzania. Mtu anayekupigia kwa Kiswahili kilichonyooka na kukupa namba ya nyumbani ni mwenzetu, aliyeona familia ina hofu. Nitarudi kwake.

Kwanza nikujibu kama ni kweli. Ni kweli. Siku niliyoingia nilivuliwa kila kitu, nikapewa suruali ya kaki, fulana nyeupe, ndala na kipande cha sponji chembamba cha kulalia. Gereza lenyewe silitaji, hayo yalishapita. Askari alinifikisha kwenye geti la ua wa bloku, akalifunga nyuma yangu, akaenda zake. Kuanzia pale yote niliyoelezwa nilielezwa na wafungwa. Alikuja kijana mdogo kuliko mimi, amevaa miwani iliyofungwa uzi upande mmoja. Mkononi ana daftari la shule, lile la watoto lenye katuni kwenye jalada. Akauliza kupitia Mnaijeria mmoja aliyekuwa anatafsiri: umetoka nchi gani, kosa lako nini, umewahi kukaa gereza lipi, una adui yeyote humu? Akaandika. Nilikuwa nimekaza mwili nikisubiri kupigwa. Hakunigusa. Alinionyesha selo, akanipa kipande cha sabuni ya kufulia na dawa ya meno iliyobaki robo, akaniambia kwamba hivyo si deni.

Selo ilikuwa na vitanda 12 vya zege, vimepangwa juu kwa juu. Sisi tulikuwa 41. Nakumbuka hesabu kwa sababu kila asubuhi tulihesabiwa, nami nilijifunza Kireno kwa namba zile. Asiye na kitanda analala sakafuni, na sakafu wanaiita praia, yaani ufukweni. Sponji moja watu wawili, kichwa changu kwenye miguu ya mwenzangu na chake kwenye yangu. Wanaita valete. Wiki nzima sikujua maana yake, mpaka mzee mmoja alipochomoa karata na kunionyesha ile yenye mtu mwenye vichwa viwili, kimoja juu, kingine chini. Nikaelewa papo hapo. Ni mzungu wa nne! Bibi yangu alipotulaza wajukuu saba kwenye kitanda kimoja alisema hivyo hivyo, laleni mzungu wa nne. Usiku ule nililia kwa mara ya kwanza tangu nikamatwe.

Choo ni tundu la zege kwenye kona, lina pazia la shuka, na ndani yake imechomekwa chupa ya soda iliyojazwa maji ili panya na harufu visipande. Mdogo wako kama analala karibu na choo, hajaonewa. Mgeni anaanzia pale. Anayeingia baada yake atalala pale, naye atasogea. Kitanda hakiuzwi. Kinafuata tarehe ya kuingia. Mimi kilinifikia baada ya miezi sita na siku kadhaa, na siku hiyo aliyekuwa ametoka aliniachia hadi kamba yake ya kuanikia. Nilikuwa sina hata senti.

Zamani haikuwa hivyo, na hili wazee wa humo wanalisimulia kwa sauti ya chini. Mwenye nguvu alikuwa akiuza nafasi, akimpora mgeni viatu, akiwabaka vijana. Halafu tarehe 2 Oktoba 1992 polisi waliingia gereza la Carandiru, São Paulo, kuzima fujo, wakaua wafungwa 111. Mwaka uliofuata, Agosti 1993, wafungwa wanane katika gereza la Taubaté wakaanzisha hiyo PCC, wakisema wafungwa wasiumizane tena wakati adui yao ni mmoja. Ikasambaa kama moto wa nyika. Mei 2006 waliamsha maasi kwenye magereza zaidi ya 70 kwa wakati mmoja, na jiji lote la São Paulo likafunga maduka. Dada, sikuelezi haya ili uwaone ni watu wema. Huko nje wanafanya biashara ya unga ule ule ulioniingiza mimi ndani, na wanaua. Ila ndani walipiga marufuku kuuza mahali pa kulala, walipiga marufuku kubaka, na hakuna anayeruhusiwa kuchomoa kisu bila idhini. Serikali ilijaza watu, ikaweka askari wachache wa kushika funguo, na pengo lililobaki hao ndio waliolijaza.

Sheria za humo ni nyingi kuliko za bweni la seminari. Hukai kifua wazi wenzako wakila. Huendi chooni mtu akila, hata tumbo likikukata. Jumapili ndugu wanapotembelea, mke au mama wa mwenzako akipita unageukia ukuta au unatazama chini, wala huinui macho mpaka apite. Hiyo ya Jumapili usiichukulie ndogo, mwambie mdogo wako aishike kama sala. Wapo wanaofanya usafi na kugawa chakula kwa bloku nzima, wanaitwa faxina, ndio wanaozungumza na askari. Ukiwa na shida unawaambia wao, humwiti askari mwenyewe. Ukigombana na mtu hampigani. Mnaitwa, mnakaa, kila mmoja anaeleza, wanauliza maswali, wanaamua. Niliwahi kuitwa mara moja kwa sababu ya ndoo ya maji. Walinisikiliza karibu saa nzima na Kireno changu kibovu. Sijawahi kusikilizwa hivyo na afisa yeyote kabla ya hapo.

Sasa kinachotisha, na ndicho ninachotaka ukishike: deni.

Sakafu haijaua mtu pale nilipokuwa. Deni ndilo linalomwangusha mtu. Humo ndani sigara ndiyo pesa. Unaazima paketi moja Jumatatu, Jumapili unadaiwa mbili. Kuna kamari ya mpira, kuna karata, kuna bangi na unga. Mgeni hana ndugu wa kumletea kapu Jumapili, hana kitu, anavuta moja ya kupunguza mawazo, kesho mbili. Siku ya kulipa ikifika hana, anaitwa kwenye kile kikao, na neno alilotoa ndilo linaangaliwa. Akishindwa kabisa anakimbilia kwa askari kuomba afungiwe peke yake, kwenye selo wanazoita seguro. Akishaingia huko, bloku nyingine hazimpokei tena. Anakaa na wabakaji na waliowasaliti wenzao, hapati jua kama wengine. Nimewaona watatu wakienda huko, wote wageni, wote kwa deni ambalo hapa lisingefika bei ya mbuzi.

Nirudi kwa huyo mwenzetu. Mwaka wangu wa pili alikuwepo mmoja, Kiswahili kitamu, mcheshi, mtu wa kukupokea kwa kukuita "mdogo wangu". Kila Mtanzania au Mkenya aliyeingia alimwomba namba ya nyumbani "tuwajulishe uko salama". Kisha anapiga yeye. Pesa zilitumwa kwa jamaa yake huku. Mama mmoja Tanga aliuza minazi ya urithi. Kijana wake alikuwa analala praia pembeni yangu, hakuona hata sabuni, na hakujua kama mama yake ametuma kitu. Tulijua baada ya miezi, barua ilipofika.

Kwa hiyo fanya hivi. Akipiga tena mdogo wako, acheni Kiswahili. Muongee Kichagga, hicho hicho chenu cha Kibosho, tangu salamu mpaka mwisho. Muulize mambo mawili tu: kuna mtu anakudai? Kiasi gani, na cha nini? Usimkaripie kwa ajili ya kete, siku ya kumkaripia itakuja. Akikujibu, rudi hapa utuambie.

Mengine ni ya haraka lakini yanafaa kuliko kitanda. Kuna mawakili wa serikali wa bure, Defensoria Pública, aombe kuwaona, asilipe wakili wa mtaani aliyeletwa na mtu. Sheria yao ya unga, ya mwaka 2006, ni miaka 5 mpaka 15, lakini mtu wa kosa la kwanza asiye mwanachama wa genge hakimu anaweza kumpunguzia kuanzia moja ya sita hadi theluthi mbili. Hilo pekee linaweza kuwa miaka ya uhai wake. Ubalozi wetu uko Brasília, andikeni barua yenye jina lake kamili, namba ya pasipoti na gereza alilopo. Mwambie mama amwone paroko, kwa sababu Kanisa Katoliki kule lina huduma ya magerezani inaitwa Pastoral Carcerária na wanaingia hadi ndani. Mimi ni Mlutheri, na mtu wa kwanza kuniuliza kama mama yangu yuko hai alikuwa sista wao.

Baadaye wengi wetu wanaume wa kigeni tulihamishiwa gereza la wageni, mbali na jiji. Huko kulikuwa na nafasi zaidi, nikashona mipira. Kila siku tatu za kazi unapunguziwa siku moja ya kifungo. Utaratibu wa kupunguziwa siku kwa kusoma vitabu nao ulikuwa umeanza: kitabu kimoja, unaandika muhtasari, siku nne, mwisho vitabu 12 kwa mwaka. Mwambie aanze kujifunza Kireno leo.

msomaji_Sakina

Fundi ameeleza vizuri, naongeza kidogo tu ili mtoto wa Pasua asionekane amesema kitu kisichokuwepo duniani. Kulipia selo kupo, ila si huko alikokuwa fundi.

Jirani na Brazil kuna Bolivia, na mji wa La Paz una gereza la San Pedro, katikati ya jiji, mbele yake kuna bustani ya watu kupumzika. Lilijengwa kwa mamia ya watu, limebeba zaidi ya 2,000. Askari wanalinda lango na kuta. Ndani limegawanyika mitaa, kila mtaa una viongozi waliochaguliwa na wafungwa wenyewe, kuna migahawa, vinyozi, maduka. Mfungwa ananunua au anapanga selo kama tunavyopanga chumba Ngarenaro, na asiye na pesa analala kwenye korido. Kwa miaka mingi wake na watoto waliishi humo humo na baba zao, watoto wakitoka asubuhi kwenda shule na kurudi jioni. Wazungu wenye mabegi mgongoni walikuwa wakiingizwa kutembezwa kama tunavyowatembeza Ngorongoro.

Venezuela ilifika mbali zaidi. Gereza la Tocorón lilikuwa makao ya kundi la Tren de Aragua, na Septemba 2023 serikali ilipoamua kulirudisha ilitangaza kupeleka askari 11,000. Walikuta bwawa la kuogelea, disko na wanyama wa kufugwa kama bustani ya wanyama. Mkuu wa kundi alikuwa ameshaondoka.

Kwa hiyo dada, ukisikia "gereza la wafungwa" usidhani ni kitu kimoja. Uliza ni la nani na sheria yake nini. Anayekudai anategemea usijue tofauti hiyo.

mstaafu_Ngaramtoni

Wanangu, nimesoma yote. Nimevaa sare ya magereza miaka 31, sitasema wapi.

Kijana wa Pasua ametaja nyapara. Nyapara ni mfungwa aliyepewa dhamana ya kusimamia wenzake. Nimewahi kufungua mlango wa bweni asubuhi, watu wamelala ubavu ubavu kiasi kwamba mmoja akitaka kugeuka wote wageuke. Mimi niko na askari wenzangu wawili zamu ya usiku. Nani aliyeamua usiku ule mgonjwa wa kifua alale dirishani? Nyapara. Nilimshukuru moyoni, kisha nikajiuliza ni nani amelipa nini kupata dirisha la pili. Sikujua, na kutojua kule kulinisumbua hadi nastaafu.

Kanuni za Umoja wa Mataifa za mwaka 2015, zilizopewa jina la Mandela, zinasema kwenye kanuni ya 40 kwamba mfungwa asipewe kazi yoyote ya kuwaadhibu wenzake. Na hapa hapa Arusha, Februari 1999, wakuu wa magereza wa nchi za Mashariki, Kati na Kusini mwa Afrika walitoa azimio lao la uendeshaji mzuri wa magereza. Nimelisoma. Ni zuri. Lakini karatasi haigawi sakafu ya watu 40 kwenye chumba cha watu 12. Mkipunguza mahabusu waliokaa miaka wakisubiri upelelezi, mtakuwa mmempunguzia nyapara kazi.

Binti yangu wa Kibosho, fuata ushauri wa fundi. Na namba hiyo ya simu uliyopewa ipeleke polisi na ujumbe wote, usifute hata mmoja. Mwenye laini yuko hapa nchini, huyo anafikika.

Dada_wa_Kibosho

Nimerudi. Samahani kwa kukaa kimya siku sita, nilikuwa nasubiri simu.

Amepiga jana saa nne usiku. Nilianza kwa Kichagga tangu "hujambo". Alinyamaza kwanza, nadhani alielewa kwa nini. Nikamuuliza kama fundi alivyonielekeza.

Hakuna wa uongozi aliyemdai kitanda. Hajui chochote kuhusu laki nane. Kitanda anasubiri zamu, kuna watu 19 mbele yake. Ila deni analo. Alicheza kamari ya mpira mara tatu akitumia sigara za kuazima, jumla imefika reais 90. Nimepiga hesabu, haifiki hata shilingi elfu hamsini. Na anayemdai ni huyo huyo mwenye Kiswahili kizuri! Kumbe alimkopesha sigara, akachukua namba yetu, akaigeuza laki nane. Wakati tunaongea alikuwa amesimama karibu, nikamsikia kwa masikio yangu anauliza, "Mnaongea lugha gani hiyo? Ongea Kiswahili tuelewane." Mdogo wangu akamjibu kwamba mama anaumwa na hajui Kiswahili vizuri. Mama alikuwa amekaa pembeni yangu kitandani anasikia kila kitu, akanishika mkono mpaka kucha zikaingia.

Ng'ombe hatuuzi. Namba nimeipeleka polisi asubuhi hii pamoja na ujumbe wote. Paroko ameahidi kutuandikia barua kwa hao wa Pastoral, ya ubalozi tumeshatuma.

Fundi, kaka yangu, nina maswali mawili. Hizo reais 90 nizilipeje bila kupitia kwa huyo mtu? Na mama anataka kutuma barua, ndani yake aweke picha. Picha inapita?

fundi_Kijenge

Dada, Mungu akubariki kwa kurudi kutuambia. Nilikuwa nafungua uzi huu kila nikimaliza kiti kimoja.

Usitume pesa hata za hiyo 90. Ukituma hata kidogo atajua mfuko upo. Alipe mwenyewe kwa kufua. Humo ndani wenye ndugu wa kuwaletea vitu huwa hawafui, wanawapa wasio na kitu wawafulie kwa sigara. Mimi nilifua suruali za kaki hadi ngozi ya vidole ikatoka, na nilimaliza deni langu la miezi miwili kwa wiki tano. Kabla hajaanza, aende kwa yule msimamizi wa selo yake, mbele ya mtu wa kutafsiri ambaye si huyo jamaa, aseme tu: nadaiwa 90, nakubali deni, nitalipa kila wiki kwa kufua, nimeacha kamari. Asimtaje jamaa kwa ubaya, asiseme habari ya simu za nyumbani. Hiyo ikijulikana humo itakuwa kesi kubwa, naye bado ni mgeni, asiwe yeye aliyeianzisha. Akishatamka deni lake mbele ya watu, jamaa hawezi tena kulikuza, kwa sababu kiasi kimesikika.

Picha inapita. Barua itafunguliwa na kusomwa, kwa hiyo mama asiandike jina la mtu yeyote wa humo. Karatasi ya kawaida, bila plastiki, bila mapambo. Mimi dada yangu alinitumia picha ya nyumba yetu, mama amekaa mlangoni anachambua mchicha. Wengine huficha za kwao chini ya sponji, zinalowa. Mwambie aibandike ukutani kwa dawa ya meno, matone manne kwenye pembe, aishikilie ahesabu mpaka 100. Kwenye zege inashika vizuri sana. Yangu ilikaa mpaka siku ya kuhamishwa, nikaibandua ikiwa nzima.

Mwambie mama ng'ombe naye aonekane kwenye picha.